Sahani za Wageni

Hata uzeeni, alipokwisha kustaafu ualimu wa chuo kikuu na magoti yake yakawa yanalia kama bawaba za kanisa la zamani, Iluminada Catindig hakuweza kupita penye harufu ya tui linalochemka mpaka likatoa mafuta bila kusimama. Angekuwa sokoni, angekuwa harusini kwa watu, angekuwa na haraka ya kwenda msalani. Harufu ile ikimshika puani, basi, roho inamtoka na kwenda zake Bukal, inamwacha pale na kikapu mkononi kama mwizi aliyesahau alichokuja kuiba.

Bukal ndiko alikolelewa, chini ya mlima Banahaw, minazi mbele na minazi nyuma. Mama yake mzazi alifariki siku aliyomzaa, na dada wa marehemu, Gliceria, ambaye kijiji kizima kilimwita Seryang, akamchukua mtoto kabla hata kitovu hakijakauka. Seryang na mumewe Ponso hawakujaliwa mtoto wa kumzaa. Luming, kama walivyomwita kwa kifupi, alipoanza kusema aliwaita Inang na Tatang, kama watoto wa kule wanavyowaita mama na baba, na hakuna aliyemsahihisha. Ponso alikuwa mkwezi wa minazi, mwembamba, mwenye maneno ya utani mengi kuliko nywele. Alimbeba yule mtoto shingoni mpaka siku miguu ya mtoto ilipoanza kumgonga tumboni, ndipo akamtua na kusema, "Sasa zamu yako kunibeba mimi."

Nyumba yao ilikuwa ya mbao na mianzi, imeinuliwa juu ya nguzo. Ukumbini palikuwa na picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu na kabati la vioo lenye sahani za maua ya waridi. Sahani hizo Luming hakuwahi kuzilia. Zilikuwa za padri, za mkaguzi wa shule, na za ndugu wa mbali ambao Inang hakuwapenda. Maisha yenyewe yalikuwa jikoni, nyuma, ambako sakafu ilikuwa ya fito za mianzi zenye nafasi katikati, maji ya kuoshea mchele yakimwagwa papo hapo na kuku wa uvunguni wakishukuru. Huko walikula kwa mkono, juu ya jani la mgomba, wakigombania ukoko kama paka. Tatang alikuwa na hila: anaonyesha juu, "Popo huyo!", na ukishateremsha macho, ukoko umekwenda. Luming alimjua popo huyo tangu utotoni, na kila siku alitazama juu.

Msichana akafaulu, akaenda Manila, akasoma saikolojia. Saikolojia, kwa asiyeijua, ni elimu ya kumuuliza mtu kwa karatasi mambo ambayo jirani yake angekuambia bure, na chumvi akaongeza.

Siku zile, miaka ya sabini, elimu hiyo ilikuwa imeteremka melini kutoka Marekani na bado haijavua koti. Mkubwa wa idara alikuwa Daktari Villarosa, aliyesomea huko huko, mtu nadhifu ambaye hata joto lilimwogopa. Vipimo vyake viliuliza mtoto atafanya nini akikuta theluji imeziba mlango wa nyumba. Watoto wa nchi ile, ambao baridi kali waliyoijua ni ya mkono wa muuza barafu, walijibu walivyoweza, na kwa hesabu za Daktari nusu ya taifa ikaonekana punguani.

Kisha akaja Profesa Adelwisa Manlapaz, mfupi, mnene, mwenye sauti ya kuitia ng'ombe. Aliingia darasani, akakifunga kitabu cha Kiingereza, akasema kwa Kitagalog, lugha ya kwao, "Wanangu, tumekuwa tukivaa nguo za jirani, halafu tunashangaa mbona kwapa linabana. Nendeni nyumbani mkaniletee maneno."

"Maneno gani, Profesa?" mmoja akauliza.

"Yale anayoyatumia mama yako akikasirika. Anza na hayo."

Ah, siku hizo! Wanafunzi walikuja na maneno kama watu waliotoka shambani na vikapu. Mmoja alileta neno lao la mtu mwenzako, kapwa, ambalo, kama lile letu la "mwenzangu", huwezi kulitamka bila wewe mwenyewe kuwemo ndani. Wakalipima na la Kiingereza, wakaona hilo la pili linasema tu "wengine" na kufunga mlango. Walibishana juu ya jambo hilo mpaka mfagiaji akaja kuwatoa. Kulikuwa na askari mitaani enzi hizo na watu walisema kwa kunong'ona, lakini humo darasani mtu alisimama kulitetea neno la bibi yake kwa sauti kubwa, kana kwamba wameshtakiwa yeye na bibi.

Luming alileta tampo. Alisimama mbele, akaeleza. Mtu akiumizwa na ampendaye, alisema, hasemi. Anajitenga kidogo, anapunguza maneno, adabu inazidi mpaka inachoma. Sisi huku tungesema amesusa. Lakini hasusi ili aachwe. Anasusa ili abembelezwe. "Na hamsusii mtu baki," Luming alimalizia. "Tampo ni ya watu wa ndani." Profesa Manlapaz akampigia makofi, na Luming akatembea siku kadhaa kichwa juu kama jogoo wa padri.

Mwaka uliofuata Tatang Ponso akafa. Ilikuwa Novemba.

Luming hakwenda kuzika. Hakwenda hata katika zile siku tisa za sala ambazo kule hata adui wa marehemu huja, japo kwa ajili ya kahawa. Alipeleka telegramu yenye maneno machache na ya heshima. Sababu ya kutokwenda alikuwa nayo, na aliificha kama mtu anavyoficha jipu: hataki liguswe na hawezi kulisahau.

Mwaka ulipokaribia kutimia, akapata kisingizio. Alitakiwa kuandika tasnifu juu ya namna watu wa vijijini wanavyoishi na wenzao, na Daktari Villarosa alikwisha kumpa maswali ya Kimarekani ayageuze Kitagalog. Kijiji gani? Luming akasema Bukal kabla swali halijaisha. Mdomoni alikuwa na tasnifu. Moyoni alikuwa na jambo moja tu: Inang amfokee kidogo, amkumbatie, yaishe, awe tena mtu wa nyumba ile.

Alifika mwishoni mwa Oktoba, mvua ikidondoka taratibu, watu wameanza kupita na ndoo za chokaa kwenda kupaka makaburi kabla ya siku ya wafu. Inang alitoka mlangoni amevaa gauni la kanisani.

"Karibuni, mwalimu," alisema. "Mmesafiri salama? Poleni na njia. Ketini, ketini."

Luming akageuka nyuma kuwatazama hao wenzake aliokuja nao. Hapakuwa na mtu. Na ualimu wenyewe alikuwa bado hajaupata. Kule, mtoto humsemesha mkubwa kwa wingi ili kumheshimu. Mkubwa kumsemesha mtoto hivyo, tena mtoto aliyemtawaza mwenyewe, ni jambo jingine kabisa.

"Inang, ni mimi. Luming."

"Tunawajua, mwalimu. Nani asiyewajua?"

Ikaletwa soda ya machungwa, ya baridi, imenunuliwa dukani kwa makusudi. Kabati la vioo likafunguliwa kwa mlio, zikatoka sahani za waridi, zikatoka kijiko na uma vimefungwa kwenye kitambaa. Kuku akachinjwa. Tena si kuku yeyote, yule mwekundu mtagaji. Luming akakalishwa ukumbini peke yake chini ya Moyo Mtakatifu, na Inang akasimama pembeni akimfukuzia nzi kwa ufagio wa karatasi.

"Inang, njoo tule."

"Tumeshakula, mwalimu. Ninyi kuleni. Mkono wetu wa kupika si mzuri, mtusamehe."

Luming alimla kuku yule kama mtu anayekula hati ya mashtaka. Alipoinuka kupeleka sahani jikoni, Inang alifika mlangoni kabla yake, mwepesi kama kijana, akajaza mlango wote. "Hapana, hapana. Jikoni pana moshi. Mtachafua sketi." Na kutoka nyuma ya bega lake Luming akasikia mchele ukitokota, akasikia kuku uvunguni, akaona kona ya mkeka aliokuwa akilalia mchana wa mvua, mtoto, huku Tatang akinoa panga na kuimba uongo wake. Ilikuwa hatua chache tu. Asingefika.

Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Siku ya tatu ikafika, jembe halikutoka. Ilitoka soda nyingine.

Basi Luming akajitupa kwenye kazi. Wanawake walikuja ukumbini mmoja mmoja na nguo zao nzuri, wakaketi kwenye ncha ya kiti, wakajibu "ndiyo" kwa kila swali, kama wanaomjibu padri. Unapenda kukaa na watu? Ndiyo. Unapenda kukaa peke yako? Ndiyo. Mwishowe ikafika zamu ya Inang, na jirani yake Bi Openg, mjane mwenye kicheko cha kupasua gunzi, akajipenyeza asikilize.

"Je, unaelewana vizuri na watu wengine?" Luming akasoma. "Sana, kiasi, au kidogo?"

"Hao wengine ndio akina nani?" Inang akauliza.

"Watu tu, Inang. Ambao si wewe."

"Wa ukoo au wa nje?"

"Wa... wote."

"Mwalimu, mnaniuliza kama naelewana na dunia nzima? Mimi hata huyu Openg simwelewi, na tunachota chemchemi moja."

"Nimesikia!" Bi Openg akasema, akicheka.

"Ndiyo maana sikunong'ona." Inang akakunja mikono mapajani. "Andikeni naelewana nao sana. Hao watu wengine wakija hapa, si nawapa soda?"

Bi Openg akaacha kucheka. Luming akainamia karatasi yake, akaandika "sana", na herufi zikamwogelea machoni. Kumbe ndilo jibu. Amehesabiwa. Yeye ni wengine.

Alasiri alikwenda chemchemini, akakaa juu ya jiwe la kufulia, akalia kwa adabu, maana hata kijijini kwao sasa alilia kigeni. Bi Openg akamkuta huko na beseni la nguo.

"Umebakiza swali langu la mwisho," Bi Openg alisema, akijifanya hakuona macho. "Uliliruka. Sipendi kupunjwa."

Luming akafuta pua, akasoma kwa kichwa, kwani karatasi hakuwa nayo. "Mtu unayempenda akikukosea, unafanya nini? Unamwambia, unalipiza, au unasahau?"

"Basi?"

"Ndiyo. Chagua moja."

"Mbona la kwetu halimo?"

"Lipi?"

"La kumchinjia kuku mtagaji." Na Bi Openg akaelekeza midomo yake, kama wanavyoonyesha wao kitu bila kusumbua kidole, kwenye paa la nyumba ya Inang. Kisha akacheka kicheko chake cha gunzi, akapiga nguo jiweni pwa, pwa.

Luming akageuka kulitazama paa lile. Halafu uso ukaanza kumwaka moto kutoka shingoni. Yeye aliyelihutubia neno lile mbele ya darasa akapigiwa makofi, neno lenyewe lilimwandalia meza siku zote hizi, likamfukuzia nzi, na asilitambue! Muuza samaki akikupunja unamtukana, mambo yamekwisha. Mpita njia akikukanyaga unamtazama vibaya, basi. Nani humtolea mpita njia sahani za waridi kwa hasira? Nani huvaa gauni la kanisani ili kumkomesha mtu baki? Inang hakuwa amemfungia mlango na kwenda zake. Alikuwa amefunga mlango, kisha akasimama nyuma yake, sikio ubaoni, anangoja kusikia kama mtu atagonga. Na Luming, mtaalamu, alikuwa nje akiuliza: sana, kiasi, au kidogo?

Alirudi mbio. Hakupita mbele. Alizunguka uani, akavua viatu, akapanda ngazi ya jikoni, akamkuta Inang amechuchumaa mbele ya moto.

"Mwalimu, mmepotea njia," Inang akasema. "Ukumbi uko kule."

"Nimechoka na ukumbi. Yule Yesu ukutani ananitazama nikila."

"Kuku amebaki. Tutawaletea."

"Sitaki kuku. Nataka ukoko."

Mkono wa Inang ukasita juu ya chungu. Ukoko! Ukoko hapewi mgeni, hata mgeni wa kuchukiwa. "Hakuna ukoko," alisema. "Mchele haukuungua leo."

"Naisikia harufu yake."

"Pua zenu za Manila zimeharibika."

Luming akaenda nyuma yake, akamkumbatia shingoni. Inang akakakamaa kama gogo la mnazi. "Msitushike, tunanuka moshi." Luming akamnusa kwa nguvu, akasema huo moshi ndio marashi. Akamwimbia wimbo wa kubembelezea watoto, ule ule aliokuwa akiimbiwa, vibaya, sauti ikikwama kwenye kupanda. Inang akachochea moto ambao haukuhitaji kuchochewa. Luming akamkanda mabega. "Acheni, mtavunjika kucha." Akamsimulia kioja cha mjini. Inang akakohoa kikohozi kilichofanana sana na kicheko, akakimeza.

Mtu akisusa, hairuhusiwi kukubali upesi. Itaonekana alikuwa hana uchungu. Na anayebembeleza hairuhusiwi kuchoka. Itaonekana hana mapenzi. Wote wawili waliijua sheria hiyo bila kuisoma popote, na kila mmoja aliifuata kwa bidii, mvua ikipiga paa la makuti.

Luming alipoona mikono imeishiwa hila, akavuta mbuzi ya kukunia, akaketi juu yake, sketi ya mjini na yote, akachukua kipande cha nazi, akaanza kukuna. Mikono ilikuwa imesahau. Alikuna kwa juhudi, akiimba bado, mpaka machicha meupe kwenye sinia yakaanza kuingia vumbi la kahawia.

Inang alijizuia. Alitazama moto, akatazama dari, akatazama sinia. Ikamshinda.

"We mtoto!" alifoka. "Unakuna nazi au unakuna kifuu? Tui gani hilo? La kumpikia nani, nguruwe? Hebu angalia! Mikono umeiacha wapi, umeiuza?"

Luming akainua kichwa, machozi yakimtoka na meno yote nje. "Umeniita wewe."

Inang akashika mdomo. Lakini ulimi ukishatoroka haurudi zizini, na nyuma yake yakatoka yote yaliyofungiwa mwaka mzima.

"Ndiyo, wewe! Wewe! Siku tisa niliweka macho njiani. Watu wanasali, mimi nasikiliza basi. Wananiuliza, Seryang, Luming yuko wapi? Nasema, anakuja na la mchana. La mchana likaja limejaa wauza samaki. Nikasema, atakuja na la jioni. Nikakuwekea mahali pa kukaa, watu wamebanana mpaka ngazini na hapo pako peupe, kila mtu anapaona, hakuna anayethubutu kukaa. Na wewe unaniletea karatasi ya posta! 'Poleni kwa msiba.' Poleni! Kwani msiba ulikuwa wa nani?"

Luming alishuka kwenye mbuzi, akakaa sakafuni.

"Nilikuwa na mtihani," alisema. "Nilikwenda kwa Daktari kuomba ruhusa. Akaniuliza kwa Kiingereza, marehemu ni baba yako? Nikasema..."

"Ukasema nini?"

"Nikasema hapana. Nikasema ni mume wa dada ya mama. Akasema ruhusa ni kwa baba na mama tu. Nikarudi nikafanya mtihani." Kisha akatoa na lile la chini kabisa. "Nikafaulu, Inang. Hakunilazimisha mtu. Ningesema ndiyo, ningekuja. Neno lilinitoka lenyewe. Baada ya hapo niliona haya kumwendea, hata kaburini."

Mchele ulianza kuungua kwa kweli na hakuna aliyeuepua. Inang alikuwa ameacha kufoka, ameacha na kujishaua. Alimtazama Luming kama mtu anayejaribu kusoma kibao cha mbali. Hiyo haikuwa tampo. Tampo Luming angeibembeleza. Hiki kilikuwa kitu ambacho hakuna wimbo unaokifikia, na kwa mara ya kwanza tangu ashuke kwenye basi, aliogopa.

"Alikuuliza kwa Kiingereza?" Inang alisema mwishowe.

"Ndiyo, Inang."

"Na wewe ukamjibu kwa Kiingereza?"

"Ndiyo."

Inang akalivuta lile sinia, akaanza kuokota vumbi la kahawia kwenye machicha, chembe kwa chembe, polepole sana.

"Basi hakusikia," alisema. "Marehemu alikuwa hajui Kiingereza, hata cha kufukuzia mbwa."

Luming alimtazama. Kidevu cha Inang kilikuwa kinacheza. Kisha mmoja akacheka, haijulikani nani, na mwingine akalia, na baadaye wakabadilishana.

"Usicheke," Inang alisema, akijifuta kwa mkono wenye nazi mpaka shavu likawa jeupe. "Bado nimekasirika. Nitakasirika mpaka Krismasi, ujue hivyo. Na epua huo mchele, unaungua, unakodoa macho tu kama samaki! Kesho tunakwenda kupaka chokaa. Utamwambia mwenyewe, kwa lugha anayoisikia."

Wanawake wa Bukal, walipoona Luming anafokewa mbele za watu na kutumwa maji, walirudi siku zilizofuata bila nguo nzuri na bila kuitwa. Walikaa jikoni, wakamenya, wakasutana, wakamsimulia mambo mengi kuliko alivyoweza kubeba. Maswali ya Daktari yalifungiwa pilipili. Tasnifu aliiandika kwa Kitagalog, na mbele ya baraza la wakubwa waliomtahini Daktari Villarosa alimwuliza mbinu hii ya kukaa jikoni inaitwaje katika vitabu, naye Profesa Manlapaz akajibu kwa niaba yake kwamba vitabu vyenyewe ndiyo kwanza wanaviandika, Daktari avumilie. Walibishana sana. Luming alipata alama ya kupitia tu, wala si ya kusifiwa, na kwa miaka mingi vijana wa chuoni walipomsifu kwamba alikuwa miongoni mwa wale wa mwanzo kuivika elimu ile nguo za kwao, alisema wa mwanzo walikuwa wengine, yeye alikuwa na njaa.

Lakini hayo ni ya baadaye. Kesho yake asubuhi makaburini kulijaa watu, ndoo, brashi, watoto, na mabua yanayochomwa. Luming alipaka chokaa kaburi la Tatang Ponso mpaka likang'aa, akapaka tena, akawa anatafuta pa kupaka.

"Inatosha," Inang alisema. "Unamzika mara ya pili. Haya, piga hodi."

Kule mtu akifika mlangoni hasemi hodi, anaita, "Mtu hapa!", ili wa ndani wajue aliyekuja si jini. Luming akasimama mbele ya kaburi, brashi mkononi, akaita kwa sauti ndogo, "Mtu hapa."

Hakujibiwa, bila shaka. Inang akakohoa, akajaza kifua, akajibu kwa sauti nene ya kiume, "Mtu gani?"

"Luming, Tatang."

"Luming wa nani?"

Luming akaishika brashi kwa mikono miwili. Akasema, "Wako."

"Sisikii."

"Wako, Tatang."

"Kwa nguvu," Inang alimnong'oneza kwa sauti yake ya kawaida. "Sikio la kushoto lilimtangulia kufa."

"Mwanao, Tatang!" Luming akapiga kelele, na sasa hakuweza kuacha. "Mwanao! Ni mimi mwanao, Tatang! Nimechelewa!"

Brashi zikasimama makaburi yote. Kuku akakimbia. Mzee mmoja aliyekuwa akichoma mabua upande wa pili akajinyoosha kiuno, akaita, "Tumesikia, binti, tumesikia! Hebu waacheni marehemu walale."

"Nani kakuuliza wewe?" Inang akamgeukia, mikono kiunoni. "Endelea na mabua yako. Mtoto anaongea na baba yake."